Watu sita, shilingi 6,000: Hesabu za jikoni Kilwa Masoko

Kilwa Masoko. Utepe ulisimama kwenye njano.

Mama alidhani muuguzi ameukaza vibaya. Akaomba upimwe upya. Muuguzi akaulegeza, akauzungusha tena kwenye mkono wa kushoto wa mtoto, katikati ya bega na kiwiko, akasoma: sentimita 12.1. Njano ileile.

Mtoto ana mwaka mmoja na miezi minne. Haharishi, hana homa, anacheka na kila mtu. Nyumbani wanamwita mwembamba kama baba yake, na hakuna aliyewahi kuona ubaya katika wembamba huo.

Utepe ule wa kupima mzingo wa mkono una rangi tatu. Kwa mtoto wa kuanzia miezi sita hadi chini ya miaka mitano, sentimita 12.5 na kuendelea ni kijani. Chini ya hapo hadi 11.5 ni njano, yaani utapiamlo wa kadiri. Chini ya 11.5 ni nyekundu, utapiamlo mkali, na huyo hatakiwi kurudishwa nyumbani na ushauri mtupu, anatakiwa matibabu.

"Jana alikula nini?" muuguzi aliuliza.

"Uji."

"Wa nini?"

"Wa sembe. Na sukari."

"Mzito au mwepesi?"

Mama alifikiri kidogo. "Mwepesi, ili aumeze vizuri."

"Na mchana?"

"Ugali na mchuzi, alikula na wenzake."

Muuguzi aliandika kwenye kadi, kisha akaanza maneno ambayo mama ameyasikia tangu mtoto wake wa kwanza: mlo kamili, matunda, mayai, maziwa, mboga za majani. Hapo ndipo mama alipomkatiza, kwa sauti ya chini kwa sababu foleni ilikuwa inasikiliza.

"Dada, hayo yote nayajua. Ukutani mmebandika. Mimi nina watu sita na shilingi 6,000 kwa siku, na hizo ni siku ambazo bahari imetoa. Hilo yai nitamgawia nani, na nitamnyima nani?"

Muuguzi hakukasirika. Alimwomba kitu kimoja tu: kwa wiki nzima aandike kila shilingi inayoingia jikoni na imekwenda wapi. Kisha arudi na karatasi hiyo.

Daftari la wiki moja

Kazi ya kuandika alipewa binti mkubwa, aliye darasa la sita, kwenye kurasa za nyuma za daftari la hisabati. Nyumba yao ina watu sita: mama, mume wake ambaye ni mvuvi, watoto watatu na mama mkwe. Kuni zinatoka porini, maji yana fungu lake, kodi hawalipi. Hivyo 6,000 ile ni ya chakula peke yake.

Siku ya kwanza ilikwenda hivi. Maandazi sita ya asubuhi kwa shilingi 200 kila moja, 1,200. Sukari robo kilo, 800. Majani ya chai, 100. Barafu za watoto mchana, 200. Sembe kilo moja na nusu, 2,400. Mafuta ya kupima, 500. Nyanya na vitunguu, 500.

Binti alijumlisha, akapata 5,700. Akamwonyesha mama yake kilichobaki.

"Mama, mboga ni mia tatu."

Siku ya pili ilikuwa vivyo hivyo, na ya tatu. Siku ya nne mama alianza kulichukia daftari. Siku ya saba alikaa kizingitini akaliangalia peke yake kabla ya kulipeleka kliniki.

Alichokiona si kwamba hela ni ndogo, hilo alilijua. Alichokiona ni kwamba chai, maandazi, sukari na barafu vilichukua 2,300 kila siku, zaidi ya theluthi ya fedha yote, na kabla jua halijafika utosini vyote vimeshayeyuka tumboni. Nyanya na vitunguu vilikuwa vya kutia rangi mchuzi. Kitoweo chenyewe, kile cha kujenga mwili wa mtoto, kilipewa makombo ya 300.

Si yeye peke yake. Pita asubuhi yoyote katika mitaa ya Kilwa Masoko, iwe upande wa soko au njia ya kuteremkia Jimbizi, utakuta kifungua kinywa ni kimoja: chai ya rangi yenye sukari nyingi na andazi. Ni chakula cha haraka, hakitaki kuni, na mtoto anakwenda shule akiwa ameshiba. Ila ni shibe ya saa mbili.

Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima apate angalau gramu 400 za mboga na matunda kwa siku. Katika daftari la binti, wiki nzima, neno "tunda" lilitokea mara moja: papai, na lilitoka kwa jirani.

Samaki anayegeuka sukari

Kuna mstari mwingine ambao binti aliuandika bila kujua uzito wake. Jumanne: "Baba kaja na 2,000 ya kitoweo."

Wavuvi wanaelewa maana yake. Chombo kikirudi, samaki wakubwa, wawe kolekole, changu au jodari, huenda kwa mnunuzi. Fedha hugawanywa kati ya mwenye chombo na mabaharia baada ya kutoa mafuta na barafu. Juu ya mgao huo kila baharia hupata samaki wachache wa kupeleka nyumbani. Hicho ndicho kitoweo.

Baba wa nyumba hii alikuwa na mazoea ya kukiuza kitoweo chake palepale ufukweni. Mara nyingi ni vibua wanne au watano, au vichwa vya samaki ambavyo mnunuzi kavikataa. Akipata 2,000, anaileta nyumbani kamili, hajanywea soda hata moja. Kwa hesabu zake anaisaidia nyumba.

Lakini 2,000 ile ilipofika kwa mama iligeuka maandazi na sukari ya kesho yake. Samaki waliotoka baharini mbele ya macho yao, wenye protini na mafuta mazuri ambayo ubongo wa mtoto unayahitaji, walibadilishwa na unga mweupe uliokaangwa. Na ili kupata vibua wale kwa mchuuzi jioni, mama angelipa zaidi ya walivyouzwa asubuhi.

Alimweleza mume wake usiku, watoto wakiwa wamelala. Haikuwa rahisi. Mwanaume aliyekesha baharini hapendi kuambiwa kwamba alicholeta kimeharibu.

"Kwa hiyo mtoto kakonda kwa sababu yangu?"

"Sijasema hivyo, baba watoto. Nasema usiwauze. Walete hivyohivyo."

"Na hela ya sukari utatoa wapi?"

"Sukari tutapunguza."

Hakujibu. Siku mbili zilizofuata aliuza kama kawaida. Siku ya tatu alirudi na kifuko cheusi, akakiweka jikoni bila neno, akaenda kuoga. Ndani kulikuwa na vibua wanne.

Kumbukumbu za mama mkwe

Aliyefurahia daftari kuliko wote ni mama mkwe, ingawa hasomi vizuri tena kwa sababu ya macho. Alisomewa na mjukuu wake, akacheka.

"Mkwe wangu, sisi andazi tulikuwa tunaliona sikukuu."

Alizaliwa upande wa mashambani, kabla ya kuolewa pwani. Asubuhi yao ilikuwa muhogo wa kuchemsha, kiporo cha kunde, au uji wa mtama uliotiwa ukwaju. Msimu wa mabibo, watoto walishinda mikoroshoni wakiyafyonza hadi midomo ikawasha. Njaa ikikaza, watu walichimba ming'oko porini. Kisamvu kilitwangwa kwenye kinu na kupikwa kwa tui hadi kikatoa mafuta juu.

Mama alimsikiliza kwa heshima, lakini moyoni alikuwa na jibu. Vyakula hivyo vyote yeye anavijua na kwa miaka amevikimbia. Mtama, kisamvu na muhogo ni alama ya shida. Mgeni akija humwekei kisamvu, unakopa mchele. Binti mkubwa naye aliwahi kulia kwa sababu wenzake shuleni walimcheka kwa kubeba muhogo.

Hapa ndipo penye ugumu ambao mabango ya kliniki hayausemi. Fedha ni sehemu ya tatizo, na aibu ni sehemu nyingine. Watu wengi huacha chakula chenye nguvu kwa sababu kinaonekana cha kimaskini, wakanunua chenye nguvu kidogo kwa sababu kinaonekana cha mjini.

Ukweli wa lishe haujali hadhi. Kisamvu kina protini, madini ya chuma na vitamini A kuliko kabichi nyeupe inayosafirishwa kutoka mbali. Bibo lina vitamini C nyingi kuliko chungwa. Ubuyu nao una vitamini C na madini ya kalsiamu. Dagaa anayeliwa mzima, na mifupa yake, humpa mtoto kalsiamu ambayo mnofu wa samaki mkubwa hauna. Mtama na dona vina virutubisho ambavyo sembe huvipoteza mashineni pamoja na pumba.

Na vyakula hivyo viko karibu. Mei 2024, kimbunga Hidaya kilipoleta mvua kubwa ukanda huu, barabara kuu ya Dar es Salaam kwenda Lindi ilikatika maeneo ya Somanga na magari yakakwama kwa siku kadhaa. Mama anakumbuka siku zile. Aliyekuwa na muhogo ardhini na kunde ndani hakuhitaji kungoja lori.

Mama mkwe alitoa na tahadhari yake, na ni ya kweli. Muhogo mchungu hauliwi hivihivi. Una sumu, na ndiyo maana wazee waliuloweka na kuuanika kabla ya kuusaga. Kisamvu nacho hakichemshwi nusunusu. Kinatwangwa vizuri kisha kinapikwa muda mrefu, sufuria ikiwa wazi ili mvuke utoke. Anayekimbilia vyakula vya zamani ni lazima achukue na utaratibu wake.

Sufuria mpya

Aliporudi kliniki na daftari, muuguzi hakumwongezea hata shilingi. Walikaa wakazipanga upya zilezile 6,000.

Maandazi yakaondoka, ukaingia muhogo wa kuchemsha, fungu la 1,000 linalotosha watu wote. Sukari robo sasa inakaa siku tatu, na pamoja na majani ya chai inagharimu kama 300 kwa siku. Sembe ikawa dona, kilo moja na nusu kwa 2,100. Dona wanayoichukua haikobolewi, kwa hiyo bei yake iko chini.

Ikaingia nusu kilo ya kunde kwa siku mbili, sawa na 650 kwa siku. Dagaa wa baharini, 600. Fungu la matembele au mchicha, 300. Mafuta ya kupima yakapunguzwa hadi 250, kwa kuwa nazi zinatoka kwenye minazi miwili ya mama mkwe na kunde za nazi hazihitaji kukaangwa. Nyanya, vitunguu na chumvi, 400. Zilizobaki, 400, zikaandikwa neno ambalo halikuwa na fungu: matunda. Ni ndizi, papai, au chungwa msimu ukifika, lolote lililo rahisi sokoni siku hiyo.

Binti alijumlisha mara mbili. Zikatimia 6,000.

Siku ambayo baba ameleta vibua, dagaa hawanunuliwi, na 600 yao inawekwa kwenye kopo kwa siku ambayo chombo hakikutoka.

Dagaa si chakula kigeni hapa. Kilwa Kivinje, mwendo mfupi tu kwa gari kutoka Masoko, dagaa huchemshwa, huanikwa na kufungwa kwenye magunia kwa safari za mbali hadi nje ya nchi. Ajabu ni kwamba magunia hayo hupita mbele ya nyumba ambazo watoto wao wanakula ugali na mchuzi wa nyanya.

Muuguzi alisisitiza mambo machache ambayo hayana gharama. La kwanza, majani ya kijani na kunde vina madini ya chuma, lakini mwili huyapokea vizuri zaidi yakiliwa pamoja na kitu chenye vitamini C, kama ndimu, chungwa au maji ya ukwaju. La pili, chai huyazuia madini hayo, kwa hiyo chai ikae mbali na mlo kwa saa moja au zaidi. La tatu, mboga ya majani huoshwa kwanza ndipo ikatwe, isichemshwe hadi ikapoteza rangi, na maji yake yasimwagwe. La nne, kunde zilale kwenye maji usiku kucha, zitaiva upesi na kuni zitapungua.

Chumvi nayo ilizungumzwa, kwa sababu mama mkwe ana shinikizo la damu na anapenda ng'onda. Kiwango kinachoshauriwa ni chini ya gramu tano kwa siku kwa mtu mzima, kama kijiko kimoja cha chai, pamoja na chumvi iliyomo ndani ya samaki mkavu. Ng'onda akilowekwa na maji yakamwagwa, chumvi hupungua.

Sahani ya mtoto

Mabadiliko makubwa yalikuwa kwa yule mwenye mkono wa njano.

Tatizo la kwanza lilikuwa uji. Tumbo la mtoto wa umri ule ni dogo. Ukilijaza uji mwepesi, umelijaza maji. Uji unaofaa hautiririki kijikoni, ukiinamisha kijiko unadondoka kwa uzito. Na haufai kuwa unga mtupu. Mama alianza kutia unga wa dagaa, aliowatoa vichwa, akawakaanga bila mafuta na kuwatwanga hadi wakalainika, au kijiko cha karanga zilizosagwa, au tui. Dagaa na karanga hutumika kwa zamu.

Kwenye karanga muuguzi alimwonya. Sokoni kuna karanga za bei ya chini zilizosinyaa, zenye ukungu au ladha chungu. Hizo ndizo zinazoweza kubeba sumukuvu, na kuzikaanga hakuiondoi. Akikosa nzuri, bora akose karanga siku hiyo. Vilevile asisage karanga pamoja na gunia la unga wa mwezi mzima, maana mafuta yake huchacha.

Tatizo la pili lilikuwa sahani. Mtoto wa mwaka mmoja akila sinia moja na kaka wa miaka sita hawezi kushindana. Anachukua tonge mbili, anacheza, akirudi sinia limeoshwa. Sasa ana kibakuli chake cha plastiki, na mtu mzima anakaa naye hadi kiishe. Mara nyingi ni bibi yake. Hula milo mitatu au minne, na katikati anapewa kipande cha papai au ndizi. Kunyonya kunaendelea hadi atimize miaka miwili.

Kibakuli hakikuongeza gharama yoyote. Kilikuwa kabatini.

Kwa nini haraka yote hii kwa mtoto anayecheka? Kwa sababu siku 1,000 za mwanzo, tangu mimba hadi miaka miwili, ndizo zinazojenga mwili na ubongo, na kinachopotea wakati huo ni vigumu kukirudisha. Utafiti wa kitaifa wa afya na malaria wa mwaka 2022 ulikuta watoto 30 katika kila 100 wa chini ya miaka mitano nchini wamedumaa. Mwaka 2015/16 walikuwa 34. Idadi inashuka, lakini bado ni karibu mtoto mmoja katika kila watatu, na wengi wao hawaonekani wagonjwa. Wanaonekana wadogo tu, na watu wanasema amefuata ukoo.

Siku ambazo hesabu hukataa

Ingekuwa uongo kusema nyumba hii imeshinda.

Mezani ugomvi haukukosekana. Wiki ya pili baba aliisukuma sahani. "Mimi natoka baharini nije kula dagaa na majani?" Mama aliondoa sahani kimya, akamwekea tena baada ya saa moja. Aliila. Tangu hapo walielewana: Ijumaa ni wali na samaki wa kupaka, na siku nyingine hakuna maneno.

Mtoto wa kati aligoma kula muhogo asubuhi siku tatu mfululizo, akapelekwa shule na njaa na mama akalia jikoni. Siku ya nne alipewa muhogo uliopikwa kwa tui na chumvi kidogo, akala. Andazi bado lipo, ila limekuwa la Jumapili.

Kisha kuna bahari yenyewe. Kaskazi ikivuma vyombo vinatoka na hela inaonekana. Kusi ikikaza, kuanzia katikati ya mwaka, kuna siku chombo kinalala ufukweni, na 6,000 inakuwa 3,000 au haipo kabisa. Huwezi kupanga makundi ya vyakula kwenye fedha ambayo haipo. Siku kama hizo mama hupunguza chakula cha watu wazima kwanza, na mara nyingi mtu mzima huyo ni yeye, ambaye bado ananyonyesha. Muuguzi alimkemea kwa hilo. Mama aliitikia, lakini wote wawili walijua ataendelea.

Kwa ajili ya kusi walifanya mambo mawili. Wanawake watano wa mtaa, waliokuwa na mchezo wa kununua vyombo vya ndani, waligeuza mchezo wao. Kila mmoja anatoa 1,000 kwa wiki, na kunde zikivunwa na bei ikiwa chini wananunua kwa pamoja na kugawana. Kunde zilizokauka vizuri hushindiliwa kwenye madumu ya plastiki hadi juu na kufungwa kabisa. Wadudu wanaotoboa kunde wakikosa hewa hufa, na hakuna dawa inayotiwa.

La pili ni viroba vitatu vya udongo nyuma ya nyumba, vyenye mchicha na matembele, vinavyomwagiliwa maji yaliyooshea mboga na mchele. Havilishi familia. Lakini siku ya 3,000, kukosa kununua mboga ya 300 ni kitu.

Na bamvua likifika, mama huteremka pwani na wenzake maji yakitoka, kutafuta pweza na chaza miambani. Zamani pweza wote walikwenda kwa mnunuzi. Sasa wakubwa wanauzwa, na mdogo mmoja anarudi nyumbani.

Utepe tena

Miezi mitatu baada ya siku ile ya foleni, mama alirudi kliniki kama alivyokuwa akirudi kila mwezi. Katikati hapo mtoto aliugua malaria mara moja na kilo zake zikashuka, na mama akadhani kazi yote imepotea. Alitibiwa, akala tena.

Muuguzi aliuzungusha utepe. Mama safari hii aliangalia pembeni.

"Kumi na mbili nukta sita."

"Ni kijani?"

"Kijani. Lakini imepita kidogo tu, mama. Usilegeze. Juni umlete kwa matone ya vitamini A na dawa ya minyoo."

Kabla hajatoka, muuguzi alimpa maneno ya kuwafikishia wenzake wa mchezo. Mtoto mwenye utepe mwekundu, aliyevimba miguu yote miwili, anayekataa chakula kabisa au aliyelegea, asijaribiwe kwa uji wa nyumbani. Aletwe siku hiyohiyo. Na anayefikisha miezi sita asicheleweshewe chakula, wala aliye chini ya miezi sita asipewe kitu zaidi ya maziwa ya mama.

Mama alirudi kwa miguu, mtoto mgongoni. Kwenye gati, mashua za kwenda Kisiwani zilikuwa zikisubiri abiria. Upepo ulikuwa umeshageuka, kusi ndiyo hiyo inaanza, na vyombo kadhaa vilikuwa vimevutwa juu.

Alipita sokoni. Mkononi alikuwa na 3,500. Alinunua dona kilo moja na nusu kwa 2,100, dagaa wa 600 na ndimu za 100. Mboga alikuwa nayo kwenye viroba, kunde zilikuwa zimelala kwenye maji tangu jana usiku. Alisimama mbele ya meza ya mapapai, akauliza bei, akatembea, akarudi.

Jioni binti aliandika kwenye daftari, kurasa za nyuma sasa zikikaribia kukutana na za mbele: dona 2,100, dagaa 600, ndimu 100, papai dogo 500. Zimebaki 200. Akauliza aziandike wapi.

"Ziandike kesho," mama alisema.